Mstari Hauliwi?

Liko neno lisemwalo sana katika nchi yetu, toka milima ya Rungwe mpaka pwani ya Ziwa Nyasa, nalo latuudhi. Mtoto arudipo kutoka shule ya sekondari na daftari lake la hesabu, mzazi hulifunua, akaona mistari imechorwa, mingine ikienda pamoja, mingine ikikatana, na pembeni mwake tarakimu na herufi. Ndipo husema, "Mwanangu, mstari hauliwi." Waliokaa barazani hucheka, mtoto naye hucheka, na tangu siku ile hesabu ya mistari huwa kwake kama mzigo wa mtu mwingine, aubebao mpaka mlango wa chumba cha mtihani na kuutua pale pale.

Sisi twasema ya kuwa mstari unaliwa. Tena twasema ya kuwa katika nchi hii ya miteremko watu wengi wamelala njaa kwa sababu ya mstari uliochorwa vibaya kwa jembe. Walakini lawama hatutaiweka juu ya mzazi peke yake. Sehemu iliyo kubwa ni yetu sisi waalimu, na leo twataka kuisema waziwazi, hata kama wenzetu watatukasirikia.

Mafundisho yenyewe si marefu. Mteremko wa mstari ni hesabu ya kugawanya: umepanda kiasi gani, kwa kiasi gani cha kwenda mbele. Mtu akienda hatua nne mbele na kupanda hatua moja, mteremko wake ni robo. Akiwa anashuka, twaweka alama ya kutoa, twasema hasi robo. Mistari miwili yenye mteremko mmoja ni sambamba, nayo haikutani hata ukiivuta mpaka Karonga na kuendelea. Na mistari miwili ikikatana kwa pembe mraba, kama pembe ya fremu ya mlango, basi miteremko yake ukiizidisha hutoa hasi moja. Ndiyo yote. Mwalimu hodari aweza kuyasema haya kwa dakika tano, na mwalimu mvivu vile vile. Wanapotengana ni katika neno moja: kwa nini?

Sisi wenyewe tulipokuwa wanafunzi tulifundishwa kanuni hii kwa kuimba. Mwalimu aliisema kwa Kiingereza, nasi tukaitikia kwa Kiingereza, na fimbo ilikuwa juu ya meza. Mwenzetu mmoja alithubutu kuuliza, kwa nini hasi moja na si hasi mbili? Akajibiwa ya kuwa kitabu kimesema. Basi tukanyamaza, tukaandika, tukafaulu, tukawa waalimu, nasi tukaenda kuwaimbisha wengine. Mwaka 2023, katika mtihani wa taifa wa Kidato cha Nne, waliofaulu hesabu walikuwa kama robo tu ya watahiniwa. Watatu katika kila wanne walianguka. Watu husema watoto wa siku hizi ni wavivu. Yamkini wamo wavivu. Lakini sisi twajua walichopewa, maana ni sisi tuliowapa.

Na jibu la swali la mwenzetu yule halikuwa gumu! Kata karatasi ngumu iwe pembe tatu: upande wa chini uwe na urefu wa vidole vinne, na upande wa kusimama kidole kimoja. Iweke mbele yako. Ukingo wa juu waenda mbele vidole vinne na kupanda kidole kimoja. Mteremko wake ni robo. Sasa izungushe karatasi ile robo ya mzunguko, kama mtu aliyetazama mashariki akageuka kutazama kaskazini. Upande uliokuwa ukienda mbele sasa wapanda juu: vidole vinne vya kupanda. Upande uliokuwa ukipanda sasa warudi nyuma: kidole kimoja cha kurudi. Mteremko mpya ni nne kwa hasi moja, yaani hasi nne. Zidisha robo kwa hasi nne, tazama umepata nini. Ukikata karatasi nyingine, ya vidole vitatu kwa viwili, au saba kwa vitano, itakuwa vivyo hivyo, kwa kuwa kila mara kupanda na kwenda mbele hubadilishana mahali, na kimoja kati yake hugeuka nyuma. Mtoto aliyeizungusha karatasi kwa mkono wake hahitaji kuimba. Akiisahau kanuni siku ya mtihani, ataizungusha tena moyoni mwake.

Haya, tutoke darasani, maana tulisema mstari unaliwa, na karatasi bado haijaliwa na mtu.

Ziwa letu liko karibu mita 475 juu ya usawa wa bahari. Tukuyu iko juu zaidi ya mita 1400, na kilele cha Rungwe ni karibu mita 2960. Kutoka Tukuyu mpaka mji wa Kyela, kwa mstari ulionyoka, ni kilometa 40 na kidogo. Ukigawanya, utaona nchi yashuka kama mita moja kwa kila mita 40 na zaidi. Lakini hesabu hii ya jumla yadanganya, kwa kuwa mteremko haukugawanywa sawasawa. Huko juu nchi yaanguka kwa nguvu, na nyuma ya Matema milima ya Livingstone imesimama kama ukuta. Bali huku chini, toka Ipinda mpaka ziwani, uwanda umelala karibu kama meza. Na mvua za pwani hii ya kaskazini zapita milimita 2000 kwa mwaka. Maji hayo yote yatapita wapi? Kiwira, Mbaka na Lufilyo huyaleta mbio kutoka milimani, na Songwe kutoka magharibi. Yafikapo uwandani mteremko hupungua ghafula, mbio hukoma, na mto hutua ulichokuwa umebeba. Kitanda cha mto hujaa, maji hutafuta njia nyingine. Songwe, ulio mpaka wetu na Malawi, umehamahama huku chini, hata shamba lililokuwa upande huu limeweza kuonekana upande wa pili.

Mwenye jaruba la mpunga akiamka asubuhi akaona mchanga umefunika miche yake, hulia juu ya mto. Sisi twasema, asilie juu ya mto peke yake. Mchanga ule na tope lile havikuzaliwa mtoni. Sehemu yake ilikuwa shamba la mtu huko juu, na shamba lile lililimwa kwa mstari.

Mstari gani? Maji hayana akili, lakini hesabu yanaijua. Hushuka kwa njia iliyo na mteremko mkubwa kuliko zote. Na mstari wa usawa katika mlima, ule ambao mtu akiufuata hapandi wala hashuki, ambao mabwana shamba huuita kontua, hukatana na njia ya maji kwa pembe mraba. Ye yote asiyesadiki achukue ubao mpana, auegemeze, achore juu yake mstari wa usawa, kisha adondoshe tone la maji na kulitazama likipita. Basi tuta lililolimwa sambamba na njia ya maji ni mfereji. Umeyafungulia maji mlango na kuyaonyesha njia. Tuta lililokatana nayo kwa pembe mraba ni ukuta. Jembe ni lile lile, jasho ni lile lile, shamba ni lile lile. Kilichogeuka ni robo ya mzunguko, kama karatasi yetu.

Twajua watakavyotujibu ndugu zetu wa milimani, nao si wajinga. Watasema, "Ninyi wa daftari hamjui mvua yetu. Tukilima kwa kukinga, maji husimama, mazao huoza. Au tuta hupasuka, na hasara huwa kubwa kuliko kwanza." Maneno haya ni ya kweli, na mtu anayetaka kufundisha matuta ya kukinga maji asipoyajibu, heri akae nyumbani. Jibu lake liko katika somo lile lile la mteremko. Mahali pa mvua nyingi tuta halilazwi sawa kabisa. Hupewa mteremko mdogo sana, kama nusu mita kwa kila mita 100, ili maji yatembee polepole mpaka kwenye njia iliyooteshwa majani, yashuke huko bila kuchimba. Na matuta yote hupewa mteremko huo mmoja. Kwa nini umoja? Kwa sababu tuta moja likiinama kuliko jirani yake, hayatakuwa sambamba tena. Mahali fulani yatakaribiana, maji ya mawili yatakutana, na pale ndipo patakapopasuka. Kumbe kile walichokilaumu, yaani tuta kupasuka, si kosa la kukinga maji. Ni kosa la mistari isiyo sambamba.

Nasi hatusemi haya kwa kujivuna, maana kosa hilo tulilifanya wenyewe. Mwaka mmoja tuliwapeleka wanafunzi wetu kwenye shamba la shule lililo mlimani, tukawaonyesha kwa kidole: hapa tuta, na hapa tuta. Tulikuwa tumetoka kuwafundisha mistari sambamba asubuhi ile, na kamba hatukuchukua. Kwa macho matuta yalionekana mazuri mno. Wiki ya tatu mvua ilinyesha usiku kucha, na asubuhi maharagwe yetu yalikuwa mferejini pamoja na udongo wake. Katikati ya shamba kila tuta lilikuwa limebonyea kidogo, maji yote yakakimbilia hapo. Watoto walitutazama, hawakusema neno. Mzee jirani aliyepita na ng'ombe wake ndiye aliyesema, "Mwalimu, mlimani jicho huongopa. Hukuwa na kipimo?"

Kipimo tungeweza kukitengeneza kwa saa moja. Fito mbili zenye urefu sawa hufungwa pamoja kichwani, hutanuliwa miguu, na ufito wa tatu hufungwa kuvuka katikati, hata iwe kama herufi A. Kichwani hufungwa kamba yenye jiwe, ndiyo timazi. Simamisha miguu yake mahali pawili, utie alama kamba inapopita juu ya ufito wa katikati. Kisha geuza, mguu wa kulia uende alama ya kushoto na wa kushoto uende ya kulia, utie alama tena. Nusu ya njia kati ya alama hizo mbili ndiyo alama ya kweli. Po pote kamba itakapoishika alama hiyo, miguu yote miwili iko katika usawa mmoja. Na kwa nini? Kwa sababu hapo kamba na ufito wa katikati vimekatana kwa pembe mraba, na kamba, kwa vile ina jiwe, haiwezi kuongopa. Tembea nacho mguu kwa mguu ukipigilia vijiti, nawe umeuchora mstari wa usawa juu ya mlima bila kalamu.

Hapa mtoto mwerevu atauliza swali ambalo kanuni ya kuimba haikumfundisha: je, kamba iliyosimama wima ina mteremko gani? Imepanda sana, haikwenda mbele hata kidogo; utagawanya kwa sifuri? Haiwezekani. Ndiyo maana ile hesabu ya hasi moja haiingii kati ya timazi na mstari uliolala sawa, ingawa pembe yao ni mraba kamili. Tumeona waalimu wazima wakikwama hapo. Tena mtoto ataona ya kuwa mistari ya usawa mlimani hupinda na kukaribiana mahali penye mwinuko mkali, haiwi sambamba kamili kama ya kitabuni. Asifichwe jambo hilo. Katika kipande kidogo cha shamba huwa sambamba kiasi cha kutosha kulima, na kujua mahali kanuni inapokoma ni elimu pia.

Arudipo darasani, na achore shamba lile juu ya karatasi ya miraba, kama litazamwavyo na mtu aliye juu yake. Angalieni sana, katika picha hii mteremko wa mstari waonyesha upande uelekeao, wala si ukali wa mlima. Wengi huyachanganya mambo haya mawili. Tuseme njia ya maji katika picha yaenda miraba miwili kulia na kushuka miraba mitatu. Mteremko wake ni hasi tatu kwa mbili. Tuta liende wapi? Geuza namba juu chini, ondoa hasi: mbili kwa tatu. Miraba mitatu kulia, miwili kupanda. Tuta la pili na la tatu yatakuwa na mbili kwa tatu vile vile, yakianzia mahali pengine. Mtoto huyu amefanya somo lote la kitabu, naye amepanga shamba la baba yake.

Yako mambo mawili yaliyotokea katika Tanzania, ambayo twayakumbuka kila tunapoona mwalimu akiimbisha. La kwanza ni la milima ya Uluguru. Baada ya mwaka 1945 serikali ya Kiingereza iliona udongo wa milima ile ukishuka mitoni, ikawaamuru watu kukata ngazi katika miteremko. Kukinga maji lilikuwa wazo jema. Lakini lilikuja kwa amri na faini, si kwa maelezo. Tena ngazi zile mahali pengi zilifukua udongo wa chini usio na rutuba, na watu waliposema hivyo hawakusikilizwa. Mwaka 1955 ghasia zilitokea Matombo, mtu mmoja akauawa kwa risasi, na mpango ukaachwa. Amri ilipoondoka, mistari nayo ikaondoka.

La pili ni la jirani zetu Wamatengo, upande wa mashariki wa ziwa hili hili, katika milima ya Mbinga. Wao hufyeka majani, huyalaza kwa safu katika mteremko, safu nyingine huyalaza kuzikata zile kwa pembe mraba, hata mlima wote ukawa wa miraba. Kisha huchimba udongo wa katikati ya kila mraba na kuyafunika majani. Pande zikawa matuta, katikati pakawa shimo, ndiyo ngoro. Maji ya mvua hunaswa shimoni na kuzama polepole, na majani huoza chini ya matuta yakawa mbolea. Ziko safu zielekeazo chini ya mlima, wala hazidhuru, kwa kuwa kila baada ya hatua chache hukatwa na safu ya kukinga. Kazi hii wameifanya zaidi ya miaka 100 katika miteremko ambayo mtu mgeni huogopa hata kuipanda. Hapana polisi aliyewaamuru. Kila binti aliyeshika jembe pamoja na mama yake aliona kwa nini mstari huu wapita hapa na ule wapita pale.

Basi kanuni iliyopewa mtu bila sababu hufa siku mwenye fimbo akiondoka, awe bwana shamba wa Uluguru au mwalimu wa hesabu. Twawauliza wenzetu: darasa lenu linafanana na mlima upi?

Wengine watajibu ya kuwa tatizo ni lugha, kwa maana hesabu za sekondari hufundishwa kwa Kiingereza. Twakubali kwa sehemu. Neno "mteremko" mtoto wa Rungwe alilijua kwa nyayo zake kabla hajajua kusoma. Shule humpa neno jingine, wala hapana amwambiaye ya kuwa jambo ni lile lile. Lakini karatasi ya pembe tatu haina lugha, wala timazi. Wengine watasema muda hautoshi, mtihani waja. Hao twawajibu kwa hesabu: wiki mbili za kuimbisha, wakaanguka watatu katika wanne, alasiri moja mlimani, je, hamwezi kuijaribu? Na shule za uwandani zisiseme hazina mlima. Kingo za jaruba hukatana kwa pembe mraba, na maji yaliyotulia ndani yake ni kipimo cha usawa kuliko kipimo cho chote cha dukani. Mchele wa Kyela, usifiwao mpaka Dar es Salaam, umeota juu ya mstari uliolazwa sawa. Jaruba likiinama upande, nusu ya miche huzama na nusu hukauka.

Sisi tumekwisha kukata fito. Mvua za kwanza zikikaribia tutapanda tena kwenye shamba lile lililotuaibisha, darasa zima, pamoja na kamba na jiwe. Kipimo kile huhitaji watu wawili, mmoja kwa kila mguu, na mtoto wa kupigilia vijiti. Mguu wa pili tumemwekea yule mzazi aliyesema mstari hauliwi, naye amekubali kuja, ila asema atakuja na jembe lake.